Historia ya Skola Ambayo Haikusomwa Kaburini

Lizaboni, Songea

Mpwa wangu Skolastika,

Ninadai, na nitalitetea dai hili hadi sauti inikauke, kwamba hukuuawa na mtu, wala Mungu hakukuita kabla ya wakati wako. Ulikufa kwa umbali. Bibi yako mzaa baba, anayenyooshewa vidole kisimani tangu siku uliyozikwa, hana hatia yoyote isipokuwa ile ya kuzeekea mahali ambapo barabara huishia.

Najua hukujua kusoma. Hata vidole vya mkono wako mwenyewe hukuweza kuvihesabu bila kukirudia kile cha kati. Lakini kuwaandikia wafu ndiyo kazi niliyo nayo. Tangu nirudi kutoka chuo kikuu na shahada ambayo serikali haina tena haraka ya kuiajiri, ukiacha tuisheni ninazowafundisha watoto wa wafanyabiashara hapa mjini, nimekuwa mwandishi wa historia za marehemu. Akifa mtu nyumbani kwetu Maposeni, hutumwa kijana wa baiskeli kuniambia, msomi, tuandikie. Nami huandika: alizaliwa wapi, alibatizwa na nani, alilima nini, aliugua nini, alitibiwa wapi, akafa kwa sababu gani. Kabla udongo haujarudishwa husimama na kuisoma, watu wakitega sikio zaidi pale kwenye ugonjwa. Wakisharidhika na sababu, hunawa mikono na kwenda kula.

Kwako wewe nililetewa habari ya msiba tu; historia hakuna aliyeiomba. Nilipofika kijijini kwa baba yako, kwa miguu kutoka pale lori liliponasa, niliuliza historia inaandaliwa na nani. Baba yako mkubwa, ambaye ndiye msemaji wa ukoo, alinitazama kama mtu anayemtazama mgonjwa.

"Shemeji, mtoto ana historia gani? Kala uji, kacheza, kafa."

Watu wakacheka kile kicheko cha msibani kinachoishia puani. Mama yako, dada yangu, alikuwa amelala mkekani na uso ukutani, na siku ile hakuhitaji kunisikia nikishinda mabishano.

Basi uliingia ardhini, katika kisanduku cha mbao za mlingoti ambazo bado zilikuwa zinanuka utomvu, bila kusomewa sababu. Katekista alisema bustani ya Mungu ilikuwa imepungukiwa ua. Sina ugomvi naye. Alitaka kumpa mama yako kitu cha kushika. Lakini nimejifunza jambo moja katika kazi yangu hii. Sababu isiposomwa kaburini, watu hutawanyika kwenda kuitafuta majumbani. Nawe, kabla tanga halijaondolewa, yako ilikuwa imeshapatikana jikoni kwa bibi yako.

Bibi, Skola. Yule yule uliyemgawia dunia nzima. Nakumbuka nilipokuja mara ya mwisho ukiwa mzima, nilikuonyesha kuku nikakuuliza ni wa nani. "Wa bibi." Njia? "Ya bibi." Nikakuonyesha mwezi uliokuwa umechomoza mapema juu ya mgomba, nikakueleza kwa kirefu, kama ninavyoeleza kila kitu, kwamba ule ni jiwe kubwa na hauna mwenyewe. Ulinisikiliza hadi mwisho, ukatikisa kichwa kwa kunihurumia. "Wa bibi." Nilifurahi mno. Nilimwambia mama yako kwamba hatimaye amezaliwa mtu katika ukoo huu ambaye hakubaliani nami kwa sababu tu nimesoma. Ulikuwa pia ukiwaamkia mbuzi shikamoo, na ukisubiri waitikie.

Ushahidi dhidi ya bibi ni huu. Macho yake ni mekundu. Amezika watoto wake mwenyewe wengi kuliko aliobaki nao. Alikataza usichomwe sindano. Na ulikata roho ukiwa mgongoni mwake. Kwa hoja hizo, baba yako mkubwa amekwisha kumwita mganga wa kunyoa. Atakuja kesho yake baada ya arobaini yako. Bibi atakalishwa uwanjani, atanyolewa nywele zote mbele ya watu, atanyweshwa dawa, na tangu hapo ataitwa mchawi aliyenyolewa hadi atakapoingia kaburini. Watoto watakatazwa uji wake. Nani atakayempokea kuni kichwani?

Kwa hiyo nakusomea historia yako sasa, kwa mpangilio uleule ninaowasomea wakubwa.

Ulizaliwa mwaka ambao mbolea iliacha kuja kwa bei ya serikali. Tuliambiwa soko liko huria na kila mkulima atanunua anachokitaka. Baba yako alitaka mbolea. Soko halikuitaka njia ya kijijini kwake. Mahindi yalitoka ya njano, yamesimama kwa adabu usawa wa kiuno, na tangu hapo kila mwaka ghala lenu limekuwa likiisha kabla mvua hazijaisha. Uliachishwa ziwa mapema kwa sababu mdogo wako Gervas alikuwa njiani. Ulikunywa uji mwepesi ambao bibi aliukoroga kwa saburi, akiutafutia uzito ambao haukuwamo. Hukuwa mtoto mgonjwa. Ulikuwa mtoto asiye na akiba mwilini, na hao ni watu wawili tofauti hadi siku homa inapobisha hodi.

Ilibisha hodi wakati wa kifuku, mvua zilipokuwa zimekwisha kukata barabara. Baba yako alikukimbiza zahanati kwa baiskeli. Muuguzi alikupima kwa kiganja tu, akasema ni malaria, akafungua kasha la dawa la mwezi ule akamwonyesha kasha tupu hadi chini. Akasema mpelekeni hospitali ya misheni, Peramiho. Lakini wakati huohuo, hapa Songea mjini, tangu milango ya biashara ifunguliwe, dawa ya malaria imepangwa nyuma ya vioo katika kila mtaa, ya vidonge na ya maji, katika visanduku vyenye maandishi ya lugha ambazo hata mimi sizisomi. Dawa ilikuwepo nchini, Skola. Haikuwa imeelekea kwenu.

Mlisubiri lori. Lori halikuja. Siku iliyofuata ukapatwa na degedege, macho yakageuka, mwili ukakakamaa, watu wakasema ubebwe hivyohivyo hadi hospitali, na hapo ndipo bibi alipolisema lile neno linalomhukumu sasa.

"Asichomwe sindano. Mtoto wa degedege akichomwa, anakufa."

Alikuogesha kwa maji ya majani, akakufukiza, akakuimbia. Degedege likaachia. Ukaomba uji. Kila mtu kijijini aliona kwamba bibi ameshinda. Kisha homa ikarudi na mzigo wake wote, nao wakafunga safari: baba yako akisukuma baiskeli yenye godoro, mama yako na Gervas kifuani, bibi na wewe mgongoni kwa sababu baiskeli ilikuwa ikikurusha na ukilia. Mtoni daraja lilikuwa chini ya maji. Wakakaa ukingoni kuyasubiri yapungue. Yalipoanza kupungua, bibi alimwambia baba yako kwamba hana haja ya kuharakisha tena.

Hiyo ndiyo historia. Sasa nitaijadili, kwa kuwa ungekuwa hai ungenitikisia kichwa, na hakuna mwingine anayenibishia vizuri.

Wasomi wenzangu wa mjini husema: tazama ujinga wa vijijini, wanaogopa sindano. Nao wananichosha kuliko baba yako mkubwa. Hawajiulizi bibi alijifunza wapi kuiogopa. Alijifunza kwa macho yake. Katika maisha yake yote aliona watoto wa degedege wakibebwa kwenda mbali, wakifika wamebakiwa na pumzi za kuhesabika, wakichomwa sindano ile ya mwisho ambayo daktari huchoma kwa sababu hawezi kukaa tu, na wakirudishwa wamefunikwa. Sindano, kisha kifo. Mtu mwenye akili timamu angekata shauri gani? Imani hiyo haikuzaliwa na ujinga. Ilizaliwa na umbali, ikalelewa nao.

Mimi ni shahidi. Nilipokuwa na umri wako nilipatwa na degedege lilelile. Lakini mimi nilipatwa nalo Maposeni, jirani na hospitali ileile ya Peramiho. Mama alinitupa mgongoni, akafika hospitali kabla umande haujakauka kwenye majani, nikachomwa sindano ileile, na alasiri nikaomba muwa. Kwetu hakuna bibi anayeogopa sindano, wala si kwa sababu mabibi zetu wamesoma. Wameona watoto wakichomwa, kisha wakiomba muwa. Damu yako na yangu ni moja, Skola, imepita tumbo moja la bibi yako mwingine. Homa ni moja. Tofauti kati ya mjomba anayeandika na mpwa anayeandikiwa ni njia ya saa moja na njia ya siku mbili.

Nimesoma sana, kuliko inavyonisaidia. Nimesoma kwamba zamani huko Ulaya watoto walikufa kama wanavyokufa kwetu, na hata wafalme walizika wachanga na kuwapa wanaofuata majina yaleyale. Kilichowaokoa hakikuwa weupe wa ngozi wala wingi wa sala, kwa maana ngozi na sala walikuwa nazo tangu zamani. Ni maji yaliyotengwa na choo, chakula kilichotosha, chanjo, mkunga aliyefunzwa, mama aliyepelekwa shule. Nimesoma kwamba duniani kote watoto huuawa na majina machache ambayo kila mkunga anayajua, kichomi, kuhara, malaria, surua, na kuzaliwa kwenyewe, na nyuma ya yote njaa imeketi kama mwenye nyumba. Hakuna hata moja lisilo na kinga au tiba. Na nimesoma kwamba hata katika nchi tajiri, mtoto wa mtaa wa maskini hutangulia kufa kuliko wa mtaa wenye bustani. Kwa hiyo sihitaji kwenda mbali kuutafuta mgawanyo wa dunia. Ninao kati ya Maposeni na kijijini kwenu, ambako hata ramani ya ukutani kwangu haikuhangaika kuweka nukta.

Nimechoka, mpwa wangu. Nimechoka kuambiwa kazi ya Mungu haina makosa na watu ambao watoto wao huzaliwa karibu na daktari. Ninaamini haina makosa. Daraja, je, ni kazi ya Mungu? Kasha la dawa?

Tangu uondoke mambo yamebadilika kidogo. Mvua zimekatika. Daraja limeonekana tena, limepungukiwa mbao. Mama yako ameanza kula. Gervas ameota jino, na hakuna aliyethubutu kulifurahia kwa sauti. Bibi hamgusi; akimpita hukunja mikono nyuma, yeye mwenyewe, kabla hajaambiwa. Nilipomwamkia alinijibu "marahaba" kisha akaniuliza kama ni kweli nimesoma hadi mwisho. Nikasema ndiyo, bibi. Akasema, "Basi niambie kama ni mimi." Hakuwa ananikejeli. Alikuwa anauliza. Wamemwambia hivyo kwa muda mrefu kiasi kwamba ameanza kujichunguza.

Nakuahidi jambo moja lililo ndani ya uwezo wangu: kila kifuku, mama yako na Gervas watakaa kwetu Maposeni hadi barabara ikauke. Baba yako amekubali. Ni ahadi ndogo, na hainiridhishi, kwa maana si kila mtoto wa kijiji kile ana mjomba upande wa pili wa mto.

Pumzika, Skola. Sikuombei uwe ua la bustani yoyote. Ulikuwa mtu, ulikuwa na maoni, na sasa una historia.

Jumamosi ya arobaini yako nitaisoma barua hii kaburini, neno kwa neno. Katekista amekubali kunipisha kabla ya sala. Nakala nitaibandika kwenye mbao za matangazo za ofisi ya wilaya, ili anayehusika na daraja na kasha la dawa naye ajibu, kwa maandishi, na ayabandike hapohapo. Lakini jibu ninalolidai kwanza ni la baba yako mkubwa, na nalidai mchana, kwa sauti, mbele ya watu walewale waliocheka. Maposeni wamo vikongwe wengi wenye macho mekundu, waliozika, wanaobeba wajukuu mgongoni. Anieleze kwa nini wale wameshindwa kuua. Akisema ni kwa sababu ya hospitali, atakuwa amekubaliana nami, na mganga arudi alikotoka.

Bibi yako nitamketisha mbele, kwenye kigoda, bila kitambaa, nywele zake zote zikiwa kichwani. Anayezitaka asimame kwanza anijibu.

Mjomba wako,
Oswini