Wimbo wa Silantoi Haukuwa wa Vita vya Baa

Jumatatu, Kitengela. Upepo tangu asubuhi, vumbi mpaka kwenye kinanda. Nimekasirika hata chai haipiti.

Mimi ndiye ninayetunga muziki wa ile drama ya runinga ya Jumapili mchana. Jina langu hupita mwishoni, haraka, watu wakiwa wameshainuka. Hilo nilishalizoea. La jana sitalizoea.

Miezi mitatu iliyopita nilikwenda Kimana, huku huku Kajiado, kurekodi akina mama wa Kimaasai. Yeyo Naserian, yaani Mama Naserian, ambaye hunipokea kama binti yake, aliwakusanya nyuma ya boma wakaimba nyimbo tano. Ya mwisho haikuwa kwenye mpango wetu. Ni ombi, huimbiwa mwanamke ambaye hajapata mtoto, naye hukaa katikati. Aliyekaa katikati ni Silantoi, mke wa mwanawe, mwaka wa sita wa ndoa. Yeyo aliniruhusu kuutumia kwenye drama kwa sharti moja: uwekwe mahali pa maombi tu. Nilikubali.

Jana nikausikia kwenye tukio la vita vya baa. Chupa zinavunjwa, mlevi anaangushwa juu ya meza, na akina mama wanamwomba Enkai, Mungu wao, mtoto. Huko mtandaoni watu wanasema mdundo ni mkali.

Yeyo alinipigia leo asubuhi. Hakupaza sauti.

"Tulikuwa tumekaa wote kwa nyumba, tunangoja kujisikia kwa TV. Silantoi akatoka, akaenda kukaa na mbuzi. Wewe ulituambia nini, Wanjiku?"

 Nikampigia mwongozaji wa drama.

"Wanjiku, relax. Hiyo song iko na energy. Nani atajua maneno?"

Nani atajua. Kajiado nzima inajua. Au hao si watazamaji?

Nilimtukana. Sijutii.

Kisha nikafungua faili nilizowatumia watu wa drama, nikitafuta ushahidi wa kumpiga nao. Nyimbo tano, nimeziita Wamama 1 mpaka Wamama 5. Basi. Sikuandika kwamba ni ombi, sikuandika sharti. Nilikuwa na haraka, nikajiambia nitaeleza kwa mdomo. Na ninajua vizuri mhariri wa picha huchagua kwa sikio, anatafuta kasi inayoendana na ngumi.

Hasira yangu kwa mwongozaji haijapungua. Ila sasa ninajikasirikia na mimi.

Nimemwandikia: wimbo utolewe kabla ya marudio, ama atafute mtu mwingine wa sehemu zilizobaki. Amejibu kwamba watu kama mimi ni wengi Nairobi.

Sawa.

Kesho naenda Kimana. Yeyo akinifukuza, ni haki yake, nitarudi nyumbani. Ninayemwogopa ni Silantoi. Siku ile alikuwa anaomba mtoto, na hakuna kati yetu aliyemuuliza kama anataka kusikika.