Mstari Kwenye Kifundo cha Mkono

Dada yangu,

Shikamoo. Najua umeninunia, lakini itikia hata kwa kuguna, maana salamu haina ugomvi na mtu. Natumaini barua hii imekukuta mzima, wewe na watoto, na kwamba goti la Mama limeacha kumsumbua kila akipanda ngazi. Mimi sijambo. Nakula, nalala, na ndevu nimenyoa. Hilo la ndevu mwambie Mama kabla ya mengine yote, kwa sababu ndilo atakalouliza kwanza.

Nimeandika kwa kuwa simu zangu hupokei. Jana Shemeji alipita hapa akienda kupakia mzigo, nikamnywesha chai, na katika maongezi neno likamponyoka kwamba Jumamosi unamkabidhi muuza viatu wa jirani funguo za saluni. Viti, vioo, mashine za kukaushia nywele, vyote. Alisema umeshaamua, na mtu akikuuliza unamwonyesha mikono yako tu. Leo anarudi, atapita kuchukua barua hii pamoja na boksi nililolifunga kamba. Boksi usilifungue kwanza. Soma mpaka mwisho, nakuomba, hata kama itabidi upumzike katikati unitukane kidogo.

Hujawahi kuniuliza hasa nafanya nini kazini, na mimi sijawahi kukueleza vizuri. Wateja wakikuuliza unawaambia mdogo wako anapima damu. Sipimi damu, Dada, nashughulika na ngozi. Mtu akifanyiwa upasuaji na ngozi ikabaki, akikubali tupewe sisi, inaletwa kwetu kwenye chombo chenye barafu. Naisafisha, naondoa mafuta ya chini, naikata vipande vya mviringo vidogo kama vifungo vya shati, halafu navilaza kwenye visahani vyenye maji ya rangi ya waridi, ambayo ndiyo chakula chake. Visahani vinaingia kwenye kabati lenye joto la mwili. Ngozi ile haijui kwamba imeachana na mwenyewe. Kwa siku kadhaa inaendelea na shughuli zake, na mimi nalipwa kwa kuichungulia.

Tunachokitafuta ni seli fulani zinazoishi ndani ya ngozi. Kitaalamu zinaitwa seli za dendriti, kwa sababu zina matawi matawi, lakini mimi kimoyomoyo naziita wambea, na wewe mwenye saluni utanielewa haraka kuliko daktari yeyote. Mmbea huyu hujibanza katikati ya seli nyingine, akanyoosha mikono yake kila upande, akapapasa kila kinachoingia: kijidudu, mwiba, poda, dawa. Akimkuta mgeni wa kutilia shaka, anammegua kipande, anakunja mikono, anaihama ngozi na kufunga safari mpaka kwenye tezi, zile za kwapani ambazo zikivimba tunasema mtu ana mtoki. Huko ndiko waliko askari wa mwili. Anawatandazia kile kipande na kuwaambia kwamba amekikuta mlangoni. Askari wanaomtambua mgeni huyo huzaana, wakawa jeshi, jeshi likarudi palepale kwenye ngozi ilipotoka habari. Wekundu, joto, muwasho, malengelenge, yote hayo ni fujo za vita vyao.

Lakini kilichonishangaza zaidi tangu nianze kazi hii ni kwamba mara nyingi wambea hawa hawachochei kitu. Wanakwenda kule kwenye tezi kusema huyu mwacheni, tunaishi naye. Ndiyo maana hatujikuni kila tunapogusa shuka. Ni umbea wa kuleta amani, ambao kwa kweli pale saluni kwako sijawahi kuusikia.

Sasa nije kwenye kisa chenyewe. Kazi yetu ya mwaka huu ni kujaribu dawa fulani ya kupaka, kuona kama inawatuliza wambea. Kila kisahani chenye dawa kina mwenzake kisicho na dawa, cha kulinganishia. Kukata ngozi tu kunawashtua baadhi, kwa hiyo hata kwenye visahani visivyo na dawa hukosi wachache walioihama ngozi wakashuka majini. Lakini vya kwangu vilianza kufurika. Nikiweka jicho kwenye darubini naona wambea wamejaa, matawi wazi, kama mtaa uliosikia king'ora. Na hakuna aliyewawekea kitu. Walikuwa wanamkimbilia nani? Nilikuwa nakwenda nyumbani na swali hilo, naoga nalo, nachemsha chai nalo mpaka maji yanakauka kwenye sufuria.

Mkuu wetu ni mama mmoja daktari aliyekaribia kustaafu, tumempa jina la Bibi Kimya kwa sababu anaweza kumaliza kikao kizima kwa kukohoa mara mbili. Alianza kushuku yale maji ya rangi ya waridi, yakabadilishwa. Akashuku kabati la joto, likapimwa, halina kosa. Akashuku ngozi zenyewe, kwamba labda wenye nazo walikuwa wagonjwa. Kisha mwenzangu wa meza ya pili, tunayemwita Mrefu, akasema kwa upole, bila nia ya kunichongea, kwamba yeye anatumia ngozi hizohizo na maji hayohayo, na visahani vyake vimetulia. Hapo macho yote yakanigeukia. Dada, nilijihisi kama siku ile sukari ilipoisha na mimi peke yangu ndiye niliyekuwa na chembe mdomoni, tofauti ni kwamba safari hii sikuwa nimelamba.

Bibi Kimya hakunigombeza. Alivuta kiti, akakaa pembeni yangu asubuhi nzima akinitazama nafanya kazi. Sijawahi kutokwa jasho la namna ile. Nikaisafisha ngozi, nikaikata, nikalaza vipande, na kama kawaida kingo zikaanza kujikunja, nami nikazilaza kwa ncha ya kidole. Akakohoa. Akaniuliza ni nani aliyenifundisha kufanya vile, kwa sababu wenzangu wote hunyoosha kwa koleo ndogo. Nikamwambia ni dada yangu, msusi. Nikamweleza jinsi ulivyokuwa ukinisimamisha kwenye kigoda nikushikie kitana, na jinsi ulivyonifundisha kwamba njia ya nywele hailazwi kwa chuma, inalazwa kwa kidole, tena kidole chepesi, ili mwenye kichwa asijue hata kama ameguswa. Nikamwambia mpaka leo nyumbani naitwa Kidole kwa sababu hiyo, na kwa sababu ya kugusa kila nisichotakiwa kugusa. Alicheka, jambo ambalo Mrefu anaapa hajawahi kuliona.

Kisha akaniagiza nigawe ngozi moja kwa mafungu matatu. Fungu la kwanza ninyooshe kwa koleo. La pili kwa kidole kilichovaa glavu zetu za kawaida, zile za mpira, nyeupe za maziwa. La tatu kwa kidole kilichovaa glavu za plastiki, zile za kuchakarisha kama mfuko wa dukani. Tukasubiri. Tulipofungua kabati, fungu la koleo lilikuwa kimya, fungu la plastiki kimya. Fungu la glavu za mpira lilikuwa limefurika.

Hakuna aliyekuwa amewawekea kitu, ila mimi, kwa kidole changu. Bibi Kimya akanieleza kwamba utomvu wa mpira peke yake haufai kuvaliwa. Kiwandani huchanganywa na kemikali za kuukaza, na mabaki ya kemikali hizo hubaki kwenye glavu, hasa za aina hii tuliyoanza kuletewa mwaka jana. Kwa watu wengi hazina neno. Lakini glavu ikikaa na unyevunyevu, mabaki yale huchuruzika yakaingia kwenye ngozi, na wambea huyameza. Mtu mmoja hatadhurika miaka nenda miaka rudi. Mwingine, askari wake wakishafundishwa mara moja, basi, kila akizigusa vita vinaanza upya. Na mara za kwanza hazionyeshi dalili yoyote, kwa kuwa ndio kwanza jeshi linafundishwa.

Nilifurahi mno. Fumbo lililonisumbua muda wote huo limefumbuka, jina langu limesafishwa, Mrefu ananipigapiga mgongoni. Nikaenda kwenye sinki kunawa. Nikavua glavu, na pale glavu inapoishia, kwenye kifundo cha mkono, kulikuwa na mstari wa poda ya glavu ulionyooka kama uliopigwa kwa rula.

Maji yakaendelea kumwagika. Mimi nilikuwa nimeona mikono yako.

Unakumbuka ulivyoiweka mezani kwa Mama, ukasema nitazame? Vidole vimepasuka, viganja vimetoka malengelenge, mgongo wa mkono mwekundu, halafu kwenye kifundo yote yakaisha ghafla, mstari ulionyooka, na juu yake ngozi nzuri kabisa. Wewe ukasema ni rangi za nywele zimekuingia. Mimi nikakubali, nikajifanya mjuzi. Lakini rangi hukurukia mpaka kwenye kiwiko, Dada, nimekusugua madoa yake mimi mwenyewe, na kwenye kiwiko huna hata kipele. Rangi haijui kusimama kwenye mstari. Glavu inajua.

Na glavu ni za nani? Ni mimi niliyekuletea makatoni yale mawili mwaka jana, nikiringa, nikakwambia ndizo tunazotumia maabara, kutoka duka lilelile, na kwamba msusi wa kisasa hashiki rangi mikono mitupu. Ulikuwa mzima wakati huo. Ulipoanza kuwashwa nikakwambia huzivai vya kutosha. Ulipozidiwa nikakwambia upake mafuta usiku, uvae glavu juu yake, ulale nazo. Ukalala nazo. Uliniambia kwamba unaamka mikono inawaka, nami nikakujibu kwamba wewe ni mkaidi, hufuati maelekezo, kumbe tatizo ni kwamba uliyafuata yote. Ndipo uliposema mikono yako imekataa kazi, ukaondoka, na tangu siku hiyo simu yangu ikawa inaita tu.

Nimeandika sentensi hizo nikiwa nimesimama, kwa sababu nikikaa nalia. Nisamehe, Dada. Nilikuwa natazama ngozi za watu nisiowajua kwa darubini, na ya kwako niliyoletewa chini ya pua sikuiona.

Siwezi kukuapia kwamba rangi haina hatia. Kuna zahanati ya ngozi hapa upande wa pili wa barabara yetu. Wanabandika vibandiko mgongoni, kila kimoja na kitu chake, kimoja rangi, kimoja kipande cha glavu, kimoja sabuni. Unakaa navyo bila kuvilowesha, kisha wanavibandua na kutazama palipowaka. Ni wambea wako haohao watakaotoa ushahidi. Nimeshakuombea nafasi wiki ijayo. Ila mpaka wakati huo glavu zile usiziguse, wala usimpe mtu mwingine kabla hatujajua. Sasa fungua boksi. Ni glavu za plastiki, zina sura mbaya, zinachakarisha, zitakufanya uonekane muuza nyama. Vaa mpya kwa kila mteja, na usiku lala mikono mitupu.

Jambo moja sitakuficha: kama ni glavu, askari wako hawatasahau kamwe. Wana kumbukumbu kuliko Mama. Hutaweza kuvaa mpira tena maisha yako yote. Lakini kusuka utaweza. Mikono yako haijakataa kazi, Dada. Imekataa zawadi yangu.

Msalimie Mama, mwambie goti alikande na asilichokonoe. Wasalimie watoto, na yule mdogo mwambie darubini niliyomwahidi sijaisahau. Shemeji usimgombeze kwa kunipa siri, chai ilikuwa ya moto na ulimi wake ukalegea.

Neno la mwisho. Bibi Kimya tangu siku ile ananiuliza habari za huyo msusi mwenye kidole chepesi. Anasema mvi zimemchosha na hajawahi kupata mtu wa kumlazia nywele bila kumvuta. Nimemwambia Jumamosi tutapanda wote basi la asubuhi, na kwamba atakuta saluni iko wazi.

Nisubiri mlangoni, funguo zikiwa mkononi mwako.

Ndimi mdogo wako,
Kidole