Kilio cha Baba Mbele ya Kamera

Durban, Jumapili

Mdogo wangu Amani,

Natumaini hamjambo, wewe, mkeo na watoto. Mimi mwili ni mzima. Moyo ndio mgonjwa, na wewe ndiye uliyeuumiza.

Nilikwambia saluni imelala, kwa hiyo nimejiandikisha na Wajerumani wanaotengeneza tamthilia ya televisheni hapa. Wameitoa kwenye mchezo wa zamani wa jukwaani kwao. Alhamisi walituita wanawake kumi tumlilie mzee aliyekufa katika hadithi yao. Tukiwa tunavaa nguo nyeusi, mama mmoja wa kwetu Uvira anayekaa mtaa wa Cato Manor akanishika mkono kama dada yake mkubwa.

“Yaya, pole ya papa. Weye uko na nguvu, miye singeweza kuja ku kazi leo.”

Hivyo ndivyo nilivyojua, Amani. Baba ana wiki mbili ardhini, na kila nikipiga simu unasema ametoka kidogo.

Kabla sijakaa chini tukaitwa. Nililia. Nikamwita Baba kwa jina lake, Kashindi, Kashindi, kama mtoto wa kwanza anavyopaswa kumwita kwetu mwili unapotoka nyumbani. Mwongozaji alifurahi mno, akataka turudie. Tukarudia, na tena. Baada ya mara ya tano mkalimani wao, Mkenya, akanijia.

“Sista, ni poa sana, lakini usitaje hilo jina. Kwa hii stori mzee anaitwa vingine.”

Nikamwambia ninayemlilia mimi anaitwa hivyo. Akasema pole, ni amri ya mwongozaji. Mara ya sita nililia bila jina, nao wakapiga makofi. Nawachukia, lakini wao hawakujua. Wewe ulijua.

Utasema mliogopa nitaanguka peke yangu ugenini, na kwamba kila familia humficha msiba aliye mbali mpaka apatikane mtu wa kumshika. Mlimtafuta nani? Durban nzima imejaa Wakongomani, na kanisani kwangu wananijua kwa jina. Umenifanya mtoto, mimi niliyekubeba mgongoni.

Msalimie shangazi yetu. Msalimie pia mkeo, ingawa nina neno naye. Na yeyote aliyemwita Baba kwa niaba yangu mbele ya jeneza, mwambie sikumtuma.

Matanga msiyamalize. Jumamosi nenda kaburini, nipigie, uweke simu juu ya udongo, kisha usimame mbali. Nitamwita mwenyewe, na mtu asiniambie inatosha.

Dada yako,
Furaha