Kipande cha Shaba Pacha Kilichokamatwa Sokoni Kikula

MAELEZO YA SHAHIDI
Kituo cha polisi, Kikula, Likasi. Alhamisi, tarehe 18 Juni 1998, saa moja jioni.

Jina: Kitenge Casimir. Umri: miaka 53. Kazi: zamani fundi wa tanuru kiwandani, sasa natengeneza baiskeli, zikipatikana. Makazi: Kikula. Hali: mjane. Kichwa kimenyolewa kwa sababu zitakazoelezwa hapa chini.

Inspekta Ghislain ni mgeni wa mji huu na ameniomba nieleze kwanza shaba pacha ni nini. Ni shaba inayotoka Kamatanda, ya kijivu, haina sura. Ukikata kipande kimoja nusu mbili, nusu moja ikipata joto la mkono, nusu ya pili nayo inapata moto, hata ikiwa mbali namna gani. Sisi wa kiwandani kila mmoja alikuwa na yake. Ukimaliza kazi unaikamua mkononi, mke wako nyumbani anajua uko mzima, anaweka maji ya bukari, ugali wetu, jikoni. Marehemu mke wangu alisema ndiyo njia pekee ya mimi kumwambia jambo bila kulirefusha.

Mwaka wa 1993, watu wenye asili ya Kasai walipofukuzwa hapa, jirani yangu Zéphirin alikaa na watoto wake pale stesheni wakingoja treni. Tulikuwa tumeishi ukuta kwa ukuta miaka ishirini, na kila jioni alikuwa anabisha ukutani mara mbili kuuliza kama nipo. Pale stesheni tulikata kipande kimoja, kila mtu akachukua nusu. Tangu hapo, kila siku saa kumi na mbili jioni, Zéphirin anakamua mara mbili kutoka Mwene-Ditu, kule Kasai, na mimi najibu mara mbili. Hatujaandikiana hata barua moja. Tungeandika nini?

Mwanzoni mwa mwezi wa tano malaria ilinilaza. Mama Martine, anayeuza makala, mkaa wa kupikia, mbele ya nyumba yangu, alinipikia uji na kunifunika blanketi. Nilimwomba ajibu kwa niaba yangu, kwa kuwa mkono wa homa ungemtisha Zéphirin. Alijibu kila jioni. Nilipopona alinirudishia kipande. Vipande hivi vinafanana kama mayai. Sikukiangalia, nilikipokea tu.

Kilikuwa baridi. Saa kumi na mbili ilifika, ikapita. Kesho yake vilevile. Baada ya juma zima nilisema: Zéphirin amekufa. Kwetu nusu ikipoa hivyo, hakuna anayengoja habari nyingine. Nilifanya kilio. Majirani walikuja kukaa kwenye mikeka, nami nilinyoa kichwa, jambo ambalo kwa umbo la kichwa changu ni adhabu kwa wanaotazama. Mama Martine alikuja pia. Ndiye aliyesonga bukari ya kilio, na ilikuwa nzuri.

Mnamo tarehe ya leo, saa tisa alasiri, askari walimkamata sokoni, mbele ya magunia yake, akiwa ameficha kipande cha shaba kifuani. Walidhani ni mali ya kiwanda. Aliwaambia: “Hii ni ya papa Casimir.” Ndipo nilipoitwa.

Nilipoingia, inspekta aliuliza: “Papa, uko unalilia nani?” Nilimwambia. Kipande kilikuwa mezani, juu ya gazeti. Sikukitambua, sikuwa na sababu ya kukitambua. Tulikuwa bado tunabishana kuhusu kiwanda pale gazeti lilipoanza kujikunja. Moto ulikuja, ukapoa, ukaja tena. Mara mbili.

Inspekta alipiga kelele: “Acha! Ni kielelezo hicho!” Alikuwa amechelewa. Nilikuwa nimekwisha kujibu.

Nilikaa chini. Niliomba maji. Kisha nilimwuliza mama Martine: “Umeniacha nimulilie muntu muzima?”

Alisema: “Papa, miye hapana mwizi. Ya kwangu iko baridi tangu Noël.”

Mume wake, Bertin, mwenye nusu ya pili ya kipande alichonirudishia mimi, alikwenda kuchimba Kakanda mwaka jana na hajarudi. Tangu Krismasi hiyo hakuna aliyeleta habari, na yeye amekataa kilio.

Nilisema: “Lakini ulijua huyu si Bertin.”

“Nilijua. Lakini mukono ya muntu ni mukono ya muntu. Na baridi ya mwezi huu, papa, unaijua.”

Naijua.

Inspekta ameniuliza kama nalalamikia wizi. Silalamiki. Jambo moja tu limenichoma: Zéphirin alijibiwa na mama wa makala zaidi ya mwezi mzima na hakuona tofauti yoyote. Miaka ishirini ya ukuta!

Naambiwa kielelezo hakitoki hapa bila sahihi ya mkubwa, na mama Martine naye analala hapa. Basi naomba hivi: kesho saa kumi na mbili apewe yeye, ajibu. Zéphirin asikae kule akishika kitu baridi na kufikiri ninayofikiri mimi kila jioni tangu mwezi uliopita. Ana nywele nzuri, asizinyoe bure.

Niliyoyaona na niliyoyashika kwa mkono wangu ni haya. Nimesomewa kwa sauti, sina la kuondoa.

(Sahihi) Kitenge Casimir

Nyongeza ya afisa, Ijumaa tarehe 19 Juni 1998: Mtuhumiwa Martine ameachiliwa saa tisa alasiri kwa kukosa mlalamikaji. Kielelezo kimebaki kituoni. Mkubwa atatia sahihi Jumatatu. Saa kumi na mbili jioni kimepata moto mara mbili. Hapakuwa na mtu mwingine ofisini. Nimejibu.

(Sahihi) Insp. Ghislain