Mbao Nne za Rafu ya Vitabu

Jumatatu, 4 Machi

Maboksi kumi na moja! Mwanahisabati mstaafu ameipa shule yetu vitabu vyake, vikiwemo vitatu alivyoviandika mwenyewe. Mkutubi ameniazima kimoja. Kinafundisha kutafuta mpango ulio bora kuliko yote huku umebanwa kila upande. Nimesoma kurasa nne mara tatu. Nimeelewa mbili.

Lakini mwalimu mkuu hataki vitabu viliwe na mchwa sakafuni. Rafu isipokuwa tayari Ijumaa saa nane mchana, maboksi yanakwenda shule nyingine. Kazi amepewa baba, kwa kuwa ndiye fundi seremala wa karibu.

Jumanne, 5 Machi

Baba anahitaji vipande viwili vya sentimeta 140 vya pembeni, sita vya 100 vya rafu, na vinne vya 80 vya kimeza cha kusomea. Ana mbao kavu nne tu, kila mmoja 300. Yeye hukata virefu kwanza, ndivyo alivyofunzwa. Kwa mtindo huo zinatakiwa tano. Mbao mbichi hataki kuzisikia — eti rafu itapinda kama mgongo wa paka.

Sikumaliza chakula.

Jumatano, 6 Machi

Nimepata! 140 na 80 na 80, mbao mbili. 100 mara tatu, mbao mbili. Basi. Nne, bila baki.

Kaka: "Profesa, chai yako imepoa." Baba akaisoma karatasi yangu, akaikunja, akaitia mfukoni. Kwa baba hiyo ni hotuba nzima.

Alhamisi, 7 Machi

Aibu. Tulianza na ubao wa rafu. 100. 100. Cha tatu — 99 na milimita nne. Nikadhani baba amekosea kupima. Akakinga unga wa mbao kiganjani, akanionyesha.

"Na msumeno je, mwanangu? Ulaji wake uliuweka wapi?"

Milimita tatu kila unapopita! Kaka alicheka mpaka akakaa chini. Baba akasema kitabu hakina kosa, ila sikukiambia kila kitu.

Nimepanga upya: rafu 99, vya kimeza 79. Hakuna kilichoharibika.

Ijumaa, 8 Machi

Saa tano. Kaka amekuja mbio: gari la kuyachukua maboksi limeshafika shuleni, dereva amefungua mlango wa nyuma. Mbao tatu zimekubali. Wa nne una fundo gumu palepale kwenye mstari wa 140, msumeno utakwama. Nimegeuza: 79, 140, 79. Jumla ileile.

Baba: "Una hakika?"

Nikamwambia ndiyo, hata unga nimeuhesabu.

Ametoa penseli sikioni, akanipa. Hajawahi kumpa mtu, hata kaka. "Piga mstari wewe." Nimeupiga. Naye ananoa msumeno, nami naandika haya nimekalia ubao wenyewe. Sasa ameacha kunoa. Anangoja niinuke, akate —