Mibuni Minne ya Lionja

Mama mpenzi,

Shikamoo. Niko Lionja, Nachingwea, nilikokuja kutembelea mashamba ya korosho. Jua ni kali, na vumbi jekundu limenijaa hadi masikioni.

Mwenyeji wangu, Mzee Saidi, aliposikia natoka Bukoba, alinipeleka nyuma ya nyumba. Chini ya kivuli cha mikorosho nikaona mibuni minne, kahawa kama ya kwetu.

"Ni ya mke wangu," akasema. "Anaimwagilia kila siku."

Mkewe ni mwalimu mstaafu, mzaliwa wa Muleba, Mhaya kama sisi. Alinipa kahawa ya kutafuna, yenye harufu ileile ya jikoni kwako. Nikamshukuru kwa Kihaya.

"Tangu mama afariki hakuna aliyenisemesha hivyo," akasema. "Kila mwaka nilisema nitakwenda kumwona likizo ijayo. Wako yupo?"

"Yupo."

"Basi nenda, mwanangu."

Mama, safari ya Mtwara nimeifuta. Kesho asubuhi napanda basi kuja nyumbani. Usijisumbue kuandaa chochote, nataka tu kukaa karibu yako. Huenda nikaitangulia kadi hii, basi ikifika nitakusomea mwenyewe.

Mwanao akupendaye,
Koku