Kanali Alikuwa Wangu

Jumapili, saa nane mchana, Kirua Vunjo. Ukungu umeshuka tangu asubuhi, mlima hauonekani, hata migomba ya jirani siioni vizuri. Mguu unauma kidogo. Roho inauma zaidi, ila leo si kwa sababu ile ya jana.

Naandika haraka. Mdogo wangu Deo yuko nyuma ya nyumba anamkatia Mama majani ya ng'ombe, na akimaliza anashuka mjini. Kabla hajaondoka kuna jambo natakiwa kumwambia. Nimekimbilia huku kwenye blogu kwanza kwa sababu ulimi umekuwa mzito.

Kwa ambaye hakusoma niliyoandika nyuma: hii ni wiki ya tano nakaa kwa Mama. Niliteleza nikishuka kwenye bodaboda pale Kiboriloni, mvua inanyesha, nimekumbatia furushi la mitumba, kifundo cha mguu kikavunjika. Meza yangu sokoni imefunikwa turubai. Deo ni fundi simu, anaishi Njoro, huko mjini. Alinihurumia, akapanda na mashine yake ya gemu na televisheni ndogo, akaniunganishia chumbani.

"Cheza, dada, usije ukachanganyikiwa," alisema.

Sikuwahi kucheza gemu maishani. Hili ni la yale ya jiji zima, unakwenda unakotaka, unaiba gari, unaogelea, unanunua nyumba. Siku za kwanza nilikuwa naendesha taratibu, nasimama kwenye taa nyekundu, nawapisha watembea kwa miguu. Deo alicheka mpaka akakaa chini. Lakini ukitaka hadithi isonge mbele lazima upite misheni, na mimi nilizipita, moja baada ya nyingine, nikajiona mtu.

Halafu nikakutana na Kanali.

Kanali ni adui, anavaa suti nyeupe muda wote hata kwenye matope. Mapema kabisa anamuua rafiki yako huku umefungwa kamba unaangalia. Unacheza siku nyingi ukilibeba hilo, mpaka misheni ya ishirini ndipo unapewa nafasi ya kumlipa. Unatakiwa kumfukuza kwa pikipiki, ndiyo, pikipiki, mimi tena, kutoka bandarini hadi daraja la mpakani, mvua inanyesha. Lori lake likikuacha mbali, umeshindwa. Ukianguka, umeshindwa. Ukifika darajani unawakuta watu wake sita wenye bunduki, na ukifa pale unarudishwa bandarini kuanza moja.

Na kila unaposhindwa, skrini inakuwa nyeusi na unamsikia anacheka. Si kicheko cha nguvu. Ni kale kacheko ka puani, ka mtu ambaye hata hajashangaa.

Nilikachukia kale kacheko kuliko ninavyomchukia mtu yeyote aliye hai, na mimi ni mtu wa kuchukia, jirani yangu wa meza pale sokoni ni shahidi. Nilikuwa nakasikia nikioga. Nilikasikia hata kwenye rozari ya jioni, Mama anaongoza, mimi naitikia kwa mdomo huku kichwani namgonga Kanali kwa lori.

Nikanunua daftari.

Hapo ndipo mambo yalipobadilika. Kila nikishindwa nilipiga mstari na kuandika nimefia wapi. Kona ya ghala la samaki. Kona ya ghala la samaki. Kona ya ghala la samaki. Mara ya kumi na nane nikagundua kwamba lori lake hupunguza mwendo kwenye kituo cha mafuta kila safari, linapisha basi la njano, kwa hiyo hakuna sababu ya kukimbia kama kichaa kabla ya hapo. Mara ya thelathini nikagundua kwamba hakuna aliyesema lazima nipite barabarani. Nyuma ya ghala kuna reli, ukiishika unaikwepa ile kona yote. Mara ya arobaini na kitu nikajifunza kununua fulana ya kuzuia risasi kabla ya kuichukua misheni, maana misheni ikianza hawakuvui. Na pale darajani mwisho wa kiburi changu ulikuwa kujificha nyuma ya lori lake mwenyewe na kunyamaza, wale watu wanakuja mmoja mmoja kukutafuta.

Ijumaa, mara ya sabini na moja, nilifika darajani na uhai wangu wote. Nikawaangusha wanne. Akabaki Kanali na wawili. Umeme ukakatika.

Nilitoa tusi ambalo Mama hakujua kama nalijua. Alikuwa anachambua maharage barazani. Akasema jina langu lote, la ubatizo na la ukoo, na mimi nikaomba radhi, lakini nilikuwa natabasamu. Nilikuwa nimeshamwelewa Kanali. Nilijua kwamba nikirudi tena, hatoki.

Naomba mnielewe hapa, maana mtu anaweza kusema huyu mwanamke wa miaka thelathini na mbili analilia gemu. Wiki tano sasa ninafanyiwa kila kitu. Mama ananichotea maji. Mama ananisindikiza chooni. Mtoto wa jirani akija analetewa chai, na mimi naletewa chai. Nimezoea kubeba mzigo wangu, kupatana bei na watu, kurudi nyumbani nimechoka kwa kazi yangu. Humu ndani kitu pekee nilichokuwa nakifanya mwenyewe, kwa akili yangu na vidole vyangu, ni kumtafuta yule mtu.

Kwa hiyo sasa sikilizeni kilichotokea jana.

Jana ilikuwa siku ya kliniki. Mama alinisindikiza mjini, tukasubiri foleni, daktari akasema mfupa unaunga vizuri, wiki tatu nyingine za magongo. Sikumsikiliza sana. Njia nzima ya kurudi nilikuwa nairudia misheni kichwani, basi la njano, reli, lori, nyamaza. Tukafika saa tisa alasiri. Deo alikuwa amepanda kuchukua vitu vyake ashuke navyo leo. Nikamkuta amekaa kitandani kwangu na pedi ya kuchezea mkononi, anatabasamu.

"Dada, nimekuvusha."

Nikamuuliza amenivusha wapi. Akanionyesha. Kanali alikuwa anaelea mtoni, suti nyeupe imejaa maji, ameshakufa, misheni imeisha, hadithi imehamia kwenye jiji lingine. Deo alikuwa ameshasevu, juu ya faili langu, na gemu hili halikurudishi kwenye misheni iliyokwisha. Nikitaka kumwona tena Kanali akiwa hai lazima nianze tangu mwanzo kabisa.

"Mara ya pili tu nimempiga," akasema. "Ni mwepesi, usimwogope tu."

Mwepesi.

Nilisema asante. Nililisema vizuri kabisa, nikala, nikaitikia rozari, nikalala nimegeukia ukutani. Mama akaniuliza kama mguu unauma, nikasema ndiyo. Haukuwa unauma.

Asubuhi wamekwenda misa ya kwanza wote wawili, nikabaki. Nikasikia geti linafungwa, nikahesabu mpaka walipopita kwa jirani, nikawasha mashine.

Deo ana faili lake mle ndani. Miaka miwili analicheza, limefika asilimia tisini na sita. Ameshanisimulia mara nyingi. Ana magereji matano, magari yote ameyapaka rangi ya bluu. Ana boti. Amekusanya vitu ambavyo watu wengine hawajui hata kama vipo. Alianza kulicheza alipohamia Njoro, hana kitanda, hana wateja, anakaa kwenye kiti cha plastiki siku nzima anasubiri mtu alete simu iliyopasuka. Aliniambia mwenyewe kwamba bila lile gemu angepanda zake nyumbani kabla hata mwezi haujaisha.

Nilijua yote hayo nilipobonyeza futa.

Mashine ikaniuliza kama nina uhakika. Nikabonyeza ndiyo. Ikauliza tena, ikasema faili halitarudi. Nikabonyeza kwa nguvu zaidi. Haikuchukua hata muda wa kupiga chafya.

Na nilifurahi. Sitadanganya kwenye blogu yangu mwenyewe. Nilifurahi mpaka nikasikia njaa, nikajikokota jikoni, nikala kiburu cha jana chote, ndizi na maharage ya baridi, nimesimama kwa mguu mmoja. Nilisema kwa sauti, peke yangu, "Na hili nalo jepesi."

Nikakaa kitandani kumsubiri arudi awashe.

Walirudi saa nne. Deo hakuingia chumbani. Alisimama mlangoni, Mama nyuma yake, na mkononi ameshika isale, jani bichi lina maji ya ukungu, limefungwa fundo.

Msomaji asiye wa huku anaweza kuliona ni jani tu. Ni mmea tunaoupanda kwenye mipaka ya vihamba, mashamba yetu ya nyumbani, mrefu, wa kijani. Lakini mtu aliyekukosea akikujia na jani lake mkononi, kwetu sisi Wachagga amekufunga mikono. Huwezi kukataa. Watu wamesameheana mashamba kwa isale, wamesameheana damu. Deo aliliokota hilo jambo zito, akalileta mlangoni kwangu kwa sababu ya gemu, na hakuna aliyecheka, hata yeye.

"Dada, nimekosa," akasema. "Jana uliposema asante nikajua kuna kitu nimekiharibu. Usiku nikafungua daftari lako. Ile mistari yote. Ningeliona mapema nisingegusa pedi."

Mama akaniangalia. Nikanyoosha mkono nikalipokea, mkono uleule uliobonyeza futa.

"Yameisha, Deo."

Uso wake ukafunguka. Akasema mashine haondoki nayo, nibaki nayo mpaka mguu upone, nianze upya nimpige Kanali mwenyewe, na yeye hatanipa hata ushauri. Alipofika mlangoni akageuka. "Ila lile faili langu usiliguse, dada. Nimebakiza misheni mbili tu nimalize."

Akaenda kukata majani.

Tangu hapo nimekaa na hili jani mapajani. Nimeshatunga uongo, nao ni mzuri. Umeme wa huku unakatika ovyo, kila mtu anajua, na Deo mwenyewe huwa anawaambia wateja kwamba umeme wa kukatika ndio unaoua kumbukumbu za vifaa. Ningenyamaza wiki mbili, halafu ningempigia simu kwa sauti ya huzuni. Angeamini. Angenipa pole mimi.

Pia nimejaribu kujiambia kwamba ngoma ni droo. Aliniulia Kanali, nimemfutia jiji. Haikai. Yeye alikosea akitaka kunisaidia, na alipoona amekosea alitembea kwenye umande kutafuta isale. Mimi nilijua ninachokifanya, tena niliulizwa mara mbili.

Nusu ya moyo wangu bado inashangilia, naiandika hiyo pia.

Saa moja iliyopita nilichukua magongo nikazunguka jikoni mpaka mpakani. Kuna matope, nimefika nimelowa mpaka magoti. Nikachuma isale langu. Wakati narudi Mama alikuwa anapuliza moto, akaacha, akaliangalia jani, akaniangalia mimi, akaendelea kupuliza.  

Nimelifunga fundo, nimekaa nalo, na sasa ndipo nimekwama. Nikimpa jani kwanza halafu nikamwambia, Deo atapokea, maana ndivyo alivyo na ndivyo desturi ilivyo. Atakuwa ameshanisamehe kabla hajajua kitu. Atashuka Njoro amefungwa mikono, hana ruhusa hata ya kunikasirikia, ataimeza miaka yake miwili kimyakimya na kunitumia ujumbe wa kuuliza hali ya mguu.

Ninajua kumeza hasira kulivyo. Mimi nilipata usiku mzima wa kumchukia, na ulikuwa mtamu, na ulikuwa haki yangu. Na yeye apate wa kwake.

Panga limenyamaza. Namsikia ananawa miguu bombani, anapiga mluzi.

Nitamwambia sasa hivi, hapahapa, mashine ikiwa imewashwa aone mwenyewe. Anitukane, avunje pedi akitaka, ashuke bila kuniaga, asipokee simu zangu mwezi mzima. Hili jani langu sitamwonyesha leo. Mguu ukipona nitachuma lingine nimpelekee Njoro, akishanichukia vya kutosha.